Maneno Niliyomtia Mama'ko Kinywani

Zuhura, mwanangu mjeuri,

Umeenda mtaa wa Shaw kusukwa nywele na najua hutarudi kabla ya magharibi, maana wasusi wako mkono mmoja unasuka na mwingine umeshika simu. Basi nimepata mchana mzima. Nimekaa hapa jikoni, begi lako limesimama mlangoni, na mama'ko amejifungia chumbani na kanda zake za filamu. Mambo ya koti la baridi, na kula vizuri, na kutopanda gari la mtu usiyemjua, yeye amekwisha kukwambia mara nne kwa hesabu yangu, na huko Vankuva hutakosa mtu wa kukwambia mara ya tano. Mimi siandiki kwa hayo. Na usicheke mwandiko. Mimi niliishia kidato cha pili, na bado naandika vizuri kuliko wewe uliyemaliza shule kwa picha na joho.

Naandika kwa sababu ya Jumatano.

Jumatano ulikuja hapa mezani na zile karatasi walizokutumia watu wa filamu wa Vankuva. Maneno yameandikwa kwa tahajia ya Kizungu, nawe ulikuwa umeyasoma wiki nzima kimoyomoyo, hukuwahi kuyatamka. Ukasimama pale karibu na friji, ukanyosha shingo kama malkia, ukasema, "Baba, sikiliza, hii ndiyo sala ya mama kwenye ule mchezo wa zamani, wanataka niirudie vilevile." Ukaanza kusoma. Neno la kwanza ulicheka. La pili ukapunguza sauti. Ukanitazama, ukasema kwa Kizungu chako kwamba huyu ni baba anayesema, hii ni sauti ya jikoni kwetu.

Nikafanya nini mimi? Nikafanya mzaha. Nikasema, "Basi si una bahati, lugha umeizaliwa nayo, wenzio watalipia mwalimu." Uliponiuliza mara ya pili nikakwambia, "Sema tu. Nani atajua?"

Tangu Jumatano hujanijibu neno ila "ndiyo" na "sawa", na wewe mtoto wangu nakujua, ukisema "sawa" ujue nyumba inaungua. Maneno hayo, "nani atajua", nilimwambia mama'ko wewe ukiwa na mwaka mmoja, na hatujatoka ndani yake mpaka leo. Kaa nikueleze tulivyoingia.

Unajua nilikutana na mama'ko kwenye kupiga filamu. Hujui kwamba nilimdanganya siku hiyohiyo. Ilikuwa filamu ya mambo ya kale, walitaka watu weusi wa kubeba magunia kwenye gati, na wenyeji wa nchi wa kusimama nyuma wakiwa wamejifunika mablanketi. Mimi nilikuwa gunia la tatu kutoka kushoto. Wakati wa chakula nikaona msichana ameketi peke yake chini ya turubai, blanketi ameliweka kando, anakula chungwa. Nikamwendea. Nikamwambia mimi ndiye mwigizaji mkuu, nimejichanganya na watu wa kawaida ili nijifunze maisha yao. Aliniamini kama dakika kumi, mpaka akatokea bwana mmoja na kipaza sauti akapiga kelele, "Wa magunia, rudini kwenye magunia." Mama'ko alicheka mpaka mbegu ya chungwa ikampalia. Nikajua huyu naoa.

Nilimwita Mhindi Mwekundu, kama tulivyofundishwa Mombasa darasa la sita. Akaninyoshea mkono akaniuliza wekundu wenyewe nauona upande gani. Akanieleza: watu wake walikuwa hapa mtoni kabla mto haujaandikwa Potomaki kwenye ramani ya mtu yeyote, na hawakuondoka, walibaki kusini mwa Merilandi wakilima tumbaku za wengine, huku makarani wakiwaandika kila jina isipokuwa lao. Hata lugha yao ilikuwa imekwisha kupotea majumbani. Yalibaki maneno machache, ya maji, ya mahindi, na majina ya vijito. Aliyeyahifadhi mengi alikuwa mama yake mkubwa, huyu Nyanya Ada unayemjua.

Lakini kitu alichokitaka mama'ko kuliko vyote kilikuwa kuigiza. Si kusimama nyuma. Alikuwa amecheza mara saba, mwanangu, na mara zote saba hana jina, na mara tatu alikufa kabla ya tangazo la kwanza la biashara. Alikuwa akirudi nyumbani anasema, "Leo nimekufa vizuri." Mimi nacheka, yeye hacheki.

Ndipo ukaja mchezo wa televisheni, wa kupigwa picha kule karibu na Woodbridge, walikojenga kijiji cha mbao kando ya mto. Walitaka mke wa chifu. Ana jina, ana mtoto, anaishi mpaka mwisho. Nilimsindikiza kwenye majaribio nikiwa nimekubeba begani. Walimpenda. Halafu yule mwongozaji akauliza kitu kimoja: "Lugha yenu unaisema?" Nikamwona mama'ko anafungua kinywa aseme kweli. Nikamfinya kiuno. Akasema ndiyo.

Tulipofika kwenye gari akanigeukia. "Umenifanya niseme nini?" Nikamwambia, "Kiswahili ninacho tele, nitakupa. Nani atajua?" Na kweli, Waswahili wa Washington siku hizo tulikuwa tunatosha sebule moja.

Sikiliza sasa, maana haya sijapata kumwambia mtu kwa mdomo wangu mwenyewe mpaka Jumapili hii iliyopita. Kumpa mkeo Kiswahili badala ya lugha ya mababu zake ni kosa moja. Mimi nilifanya mawili.

Siku ya kwanza ya kupiga picha ilikuwa kumzika mwanawe chifu. Walimwandikia kwa Kiingereza maana ya maneno, kwamba mito itakubeba, mwanangu, mpaka kwa wazee wetu, naye ayageuze kwa lugha ya kwao. Akaniletea karatasi jikoni. Akaniambia, "Nipe maneno ya kweli. Nipe anavyosema mama wa kwenu akiagana na mwanawe." Aliniambia hivyo mara mbili. Nami nilikuwa kijana wa miaka ishirini na mbili, kichwa kimejaa upepo, na nikaona hapa pana nafasi ya kufanya jambo ambalo hakuna kijana wa Kibokoni kwetu Mombasa aliyewahi kulifanya. Nikampa maneno ambayo marehemu mamangu alikuwa akiwapigia kelele wasichana wa kutusaidia kazi: "Samaki huyu hajaiva. Mrudisheni jikoni."

Akayajifunza siku tatu, silabi kwa silabi. Nami ndiye niliyekuwa namsahihisha. Akaenda Woodbridge, akapiga magoti kwenye tope mbele ya jeneza la magome, akainua mikono, akalia machozi ya kweli, akasema samaki huyu hajaiva, mrudisheni jikoni. Wanasema hata mshika kamera alifuta macho.

Ilipotoka kwenye televisheni nilialika wenzangu, Seif na wale vijana wa ubalozini, sita kwa jumla. Sikuwaambia kitu. Mama'ko alikuwa ameoga na kuvaa, amekubeba, amesimama mlangoni mwa sebule kwa sababu aliona haya kukaa akijitazama. Ikafika ile sehemu. Seif akaanguka kutoka kwenye kochi. Mwingine alipiga zulia kwa kiganja, "Mwenyezi Mungu, mrudisheni jikoni, mrudisheni." Mimi nilikuwa nacheka kuwashinda wote, mpaka nilipogeuka.

Mama'ko alimwuliza Seif, si mimi. "Nimesema nini?"

Seif, maskini, hakuwa mtu mbaya. Alijaribu kumeza kicheko. Alisema, "Shemeji, ni... ni mambo ya samaki."

Mama'ko alikupeleka kitandani, akakufunika. Hakupiga kelele. Ningetamani angepiga. Kesho yake asubuhi aliondoka kwenda Woodbridge mapema, akaomba abadilishiwe maneno. Wakamwambia haiwezekani, watu wamepiga simu kuisifu ile sala, sasa itasemwa kila anapokufa mtu. Na katika mchezo ule, mwanangu, watu walikufa kila wiki. Alikuwa ametia sahihi mkataba wa miaka miwili. Kwa miaka miwili aliondoka hapa alfajiri akaenda kulia juu ya samaki wangu, anajua sasa maana yake, na lazima machozi yatoke. Nilimwandikia maneno mengine mazuri, mashairi kabisa, akayasema katika sehemu nyingine. Hakunishukuru. Sikustahili.

Ungedhani hapo ndipo chini kabisa. Bado.

Watu wa mama'ko walikuwa wakikusanyika kwenye ukumbi wao kutazama, kila wiki, na Nyanya Ada amekaa kiti cha mbele. Siku moja alikuja hapa Adelphi kwa basi, mabasi matatu, na mkoba wake wa kufuma. Nilimwona dirishani akivuka barabara ya University Boulevard. Nikachukua kapu la nguo chafu nikashuka chini kwenye mashine za kufulia. Nikakaa huko mpaka nguo zikafuliwa, zikakauka, nikazikunja, nikazikunja tena.

Nilidhani amekuja kumgombeza. Kumbe hakuja kugombeza; mama'ko alinisimulia jioni. Alimwambia mama'ko, "Ile sala ya mazishi, mimi siijui. Labda mamangu aliijua, akafa bila kunipa. Nani amekupa wewe? Nifundishe."

Mama'ko alikuwa na njia moja tu ya kutoka pale, nayo ilikuwa kusema mume wangu amenichezea. Hakuisema. Miaka yote hii hakuisema. Alimfundisha.

Mwaka ule Nyanya Ada alimzika kaka yake. Alisimama kaburini akaisema. Halafu akawafundisha watoto wa ukumbini, na watoto wale sasa ni wakubwa wenye watoto. Ndiyo sababu hujawahi kuonyeshwa mchezo ule, wala kupelekwa mazishi ya ukoo wa mama'ko hata moja. Ulikuwa ukilia hapa, unasema mama ananitenga na watu wangu. Alikuwa anayaogopa masikio yako. Kiswahili umenyonya, ungesikia mara moja.

Na sasa umjue mama'ko vizuri, kwa sababu huko unakokwenda watakwambia ulikuwa na mama aliyeng'ara halafu akazimika. Hakuzimika. Mchezo ulipokwisha walimwita mara nyingi, na kila walipomwita walitaka ile sala. Akakataa, akakataa, wakaacha kuita. Akanunua ile kamera kubwa iliyotumika, unaikumbuka, uliyokuwa ukiipanda kama punda. Akaenda kwao kusini akaanza kupiga picha yeye mwenyewe. Wazee wanaofungua chaza. Mwanamume mmoja anayejua majina ya vijito kumi na sita. Mama anayeita mahindi kwa jina lake. Neno moja moja. Filamu yake ya kwanza waliitazama watu kumi na wanane kwenye maktaba yetu, na mimi niliwahesabu, na watatu walikuwa wamekuja kujikinga na mvua. Ya pili ilikwenda mbali zaidi. Amefundisha vijana wao kushika kamera, na hao vijana hawataki tena kusimama nyuma na blanketi. Mke wangu amefanya hayo akiwa na zamu za hospitali. Mimi najisifu sana, unajua, lakini katika nyumba hii aliyefanya kitu ni yeye.

Lakini kamera ile ilizunguka kila nyumba isipokuwa moja. Watu walimwuliza, mbona humpigi picha Ada, na yeye ndiye mwenye maneno mengi? Nyanya Ada mwenyewe aliuliza, akaacha kuuliza, akanuna. Mama'ko alijua kwamba akimwekea kamera mbele na kumwambia sema unayoyajua, kitu cha kwanza atakachosema ni samaki wangu. Alibaki hapo, mwanangu. Kumpiga picha hawezi, kumwambia hawezi, kumwacha afe bila kupigwa picha hawezi. Miaka kumi na mitano nimemwona anatoka na kamera, anarudi, anaiweka pale juu ya kabati, na uso wake unasema pamebaki nyumba moja. Nami nilikuwa nafanyaje? Nilikuwa namtania. Nilisema, "Mkurugenzi amerudi, nani amekufa leo?"

Basi Jumatano nilipokwambia nani atajua, mama'ko alikuwa nyuma ya mlango. Ulipokwenda kulala akatoka. Akaniambia, "Mimi ulinifinya kiuno. Huyu humfinyi."

Jumapili tulikwambia tunakwenda kununua viti. Tulikwenda kwa Nyanya Ada.

Niliomba niseme mimi. Alikuwa amekaa barazani anachambua maharage, mguu umevimba kauweka juu ya ndoo. Nikamwambia, mama, ile sala si ya kwenu. Ni ya kwetu, na wala si sala. Nikamwambia ni mimi, na kwamba Lorena, mama'ko, hakujua alipoisema mara ya kwanza. Akaniuliza, "Maana yake nini?" Nikamwambia. Nilikuwa nimejizoeza njiani maneno ya kulainisha, yote yakanitoka, nikasema tu kama ilivyo: samaki huyu hajaiva, mrudisheni jikoni.

Hakucheka. Sijui kwa nini nilitazamia labda atacheka. Aliweka maharage chini. Akasema, "Nilimzika ndugu yangu nayo." Baadaye akasema, "Nenda kakae garini."

Nilikaa garini saa mbili na nusu, madirisha wazi, jua la kusini mwa Merilandi linanikaanga, na sikuwasha redio. Mama'ko alitoka macho mekundu. Tulipofika barabara kuu ya Beltway ndipo akaniambia alichosema Nyanya Ada. Hakusamehe. Alisema kwamba Jumapili ijayo niende ukumbini, watakuwapo wote aliowafundisha, na watoto wao, niwaambie mwenyewe. Na alisema Lorena alete kamera.

Kwa hiyo wewe utakuwa Vankuva siku baba'ko anapopata sehemu yake ya kwanza yenye maneno. Nimemwuliza mama'ko kama naweza kuvaa lile koti langu la kijivu. Amesema nivae nguo za kawaida, na nisifanye mzaha hata mmoja. Nimejaribu mbele ya kioo cha bafuni. Bila mzaha sina hata sentensi ya pili. Naogopa, Zuhura. Sikumbuki kama nimewahi kukuandikia neno hilo.

Sasa wewe. Najua walikuchagua kwa sababu ya uso wa mama'ko na sala ya mama'ko. Najua umeitaka kazi hii tangu ulipokuwa ukicheza na taulo kichwani. Wakijua sala ni nini huenda wakakwambia asante, nenda nyumbani. Huenda wakakwambia kama alivyoambiwa yeye, kwamba watu wanaipenda, iseme. Sitakwambia ufanye lipi, maana kila nilipomwambia mwanamke wa nyumba hii aseme nini mbele ya kamera, mwisho wake umeusoma. Nakuomba jambo moja: lile neno langu la Jumatano lifute. Usiseme sala ile kwa ajili ya kumfichia mama'ko, hana tena cha kufichwa. Na usiiseme kwa ajili yangu.

Mama'ko amepita hapa sasa hivi kuchukua maji. Amesimama nyuma yangu akaniomba nimtafsirie tangu mwanzo, nikamtafsiria. Ameniamuru nifute mahali pawili nilipojisifu, nimefuta mahali pamoja tu. Anasema niandike hivi, na haya ni yake: maneno ya kweli ya maji na mahindi na vijito yako kwenye ukanda mmoja wa filamu zake alioutia katikati ya sweta zako, ni ya watu wako, uyasikilize kwanza kabla hujaamua kama yanafaa kuchezewa filamu ya mtu.

Na haya ni yangu. Wakikuuliza ile lugha ya sala ni ya nani, waambie ni ya baba'ko, Mswahili wa Mombasa, anakaa Adelphi ghorofa ya pili na mama'ko. Wape nambari ya simu. Wakipiga asubuhi niko kazini, lakini kuanzia saa kumi jioni nipo, na nitapokea mwenyewe.

Baba'ko,
Athumani